Tuliondoa shauri mahakamani, hatukuuza haki ya wafanyabiashara

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nieleze jambo ambalo kwa miezi kadhaa limekuwa likizungumzwa sokoni kwetu kwa minong'ono, na ambalo naamini linawagusa wananchi wengi wenye madai dhidi ya halmashauri zao. Mimi ni katibu wa kamati ya wafanyabiashara tuliohamishwa kupisha ujenzi wa soko jipya katika mji mmoja wa Kanda ya Ziwa. Nilikuwa miongoni mwa watu 5 waliokula kiapo kuunga mkono maombi tuliyofungua Mahakama Kuu, na ni mimi niliyesimama mbele ya wenzangu, chini ya mwembe tunaofanyia vikao, kuwaeleza kwamba maombi hayo tumeyaondoa ili malalamiko yetu tuyapeleke Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora. Jioni ile ile neno likaenea kwamba kesi imeuzwa.

Halikuuzwa shauri lolote. Lakini sitaki kujitetea kwa kiapo, kwa sababu mtu aliyepoteza meza yake ya kuuzia nyanya kwa zaidi ya miaka 3 ana haki ya kupewa maelezo na si viapo. Nitaeleza tulivyoingia mahakamani, tulivyotoka, na kwa nini naamini sheria zetu zinamweka mwananchi mahali pagumu katika safari hiyo ya kutoka mlango mmoja kwenda mwingine.

Tulipohamishwa, halmashauri ilitupa barua. Kila mwenye kizimba aliorodheshwa jina, namba ya kizimba na aina ya biashara, na barua ikasema kuwa waliohamishwa watapewa kipaumbele ujenzi ukikamilika. Tukaondoka kwa amani. Tulikwenda kupanga bidhaa zetu kwenye uwanja usio na paa wala choo, na huko tuliendelea kulipa ushuru kila siku, na risiti tunazo. Soko lilipokamilika, orodha iliyobandikwa ukutani ilikuwa na majina tusiyoyafahamu, na majina 64 ya wenzetu waliokuwamo katika orodha ya kwanza hayakuonekana. Wengi wao ni kina mama wa mbogamboga na dagaa, watu ambao mtaji wao wote unaingia kwenye ndoo mbili. Tuliuliza kwa ofisa masoko, tukaambiwa twende kwa Mkurugenzi. Kwa Mkurugenzi tuliandika barua 3, na iliyojibiwa ni moja tu, nayo ilisema kuwa suala letu linafanyiwa kazi. Diwani wetu alilisema kwenye baraza. Tukafika hadi kwa Mkuu wa Wilaya siku ya kusikiliza kero, naye aliagiza orodha ihakikiwe upya, lakini uhakiki huo hatukuuona.

Hapo ndipo tulipochanga fedha na kumtafuta wakili. Tulikuwa na hasira, na hasira haichagui mlango. Tulitaka Mahakama Kuu, na tulitaka Katiba itajwe, kwa sababu tuliona tumebaguliwa na tumenyimwa haki ya kufanya kazi. Ibara ya 13 inazungumzia usawa mbele ya sheria na ibara ya 22 inazungumzia haki ya kufanya kazi. Maombi yakafunguliwa chini ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu Muhimu, Sura ya 3 ya sheria zetu, pamoja na maombi madogo ya kutaka ugawaji wa vizimba usimamishwe mpaka shauri liamuliwe.

Mawakili wa Serikali walileta pingamizi la awali. Hawakusema kwamba orodha haikubadilishwa, wala kwamba tulitendewa haki. Walisema tumekuja mahakamani mapema mno. Sheria hiyo ya haki na wajibu ilifanyiwa marekebisho mwaka 2020, na tangu wakati huo mwombaji anatakiwa kwanza kuzitumia na kuzimaliza njia zote nyingine za nafuu zilizopo chini ya sheria nyingine kabla ya kufungua maombi ya kikatiba. Hata kabla ya marekebisho hayo, kifungu cha 8 cha sheria hiyo hiyo kilikuwa kinaizuia Mahakama Kuu kutumia mamlaka yake pale inaporidhika kuwa mwombaji ana njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu. Njia ambazo tulidaiwa kuziruka zilitajwa: mapitio ya kimahakama (yaani kuiomba Mahakama Kuu ipitie uhalali wa uamuzi wa chombo cha umma), shauri la kawaida la madai, na malalamiko mbele ya Tume.

Wakili wetu alitueleza bila kuficha kuwa pingamizi hilo lina nguvu. Kama tungeng'ang'ania na kushindwa, maombi yangetupwa na pengine tungeamriwa kulipa gharama, na tungetoka tukiwa na mikono mitupu bila mtu yeyote kuwa ameisoma ile barua ya ahadi. Mimi nilikuwa wa mwisho kukubali. Nilichokuwa nikikitaka zaidi ya kitu kingine chochote ni siku ile ambayo ofisa angesimama kizimbani na kuulizwa: majina haya 64 yaliondolewa na nani, lini, na kwa kikao kipi? Nilichokuja kuelewa taratibu ni kwamba katika shauri la kikatiba linaloendeshwa kwa hati za viapo, yaani kwa maelezo ya maandishi badala ya mashahidi kusimama na kuulizwa, siku hiyo ingeweza isifike kabisa.

Tume, kinyume chake, kazi yake hasa ni kuuliza swali la namna hiyo. Iliundwa na Katiba kupitia marekebisho ya mwaka 2000, yapo katika ibara ya 129 hadi ya 131, na sheria yake ni Sheria Namba 7 ya mwaka 2001. Inachunguza uvunjaji wa haki za binadamu na pia ukiukwaji wa misingi ya utawala bora, na halmashauri zimo ndani ya mamlaka yake sawasawa na wizara. Inaweza kumwita shahidi na kuagiza nyaraka ziletwe. Haitozi ada kwa mlalamikaji. Inaweza pia kusuluhisha, jambo ambalo kwa watu watakaoendelea kulipa ushuru kwa halmashauri hiyo hiyo maisha yao yote si dogo. Chimbuko lake ni la zamani zaidi kuliko wengi tunavyodhani, kwani mwaka 1966 Tanzania ilianzisha Tume ya Kudumu ya Uchunguzi, chombo cha kwanza cha aina hiyo katika Afrika, kikiwa na kazi ya kupokea malalamiko ya wananchi dhidi ya watumishi wa umma waliotumia vibaya madaraka. Tume ile ilikuwa ikipeleka taarifa zake kwa Rais. Hii ya sasa ina njia ya kwenda mahakamani, na nitarudi kwenye hilo, kwa kuwa ndipo penye uzito wa barua hii.

Kwa nini basi hatukwenda Tume huku tukiacha maombi yetu mahakamani yaendelee? Hilo ndilo swali nililoulizwa mara nyingi zaidi, na aliyeuliza kwa uchungu kuliko wote ni mama mmoja muuza dagaa ambaye alichangia wakili kwa kuuza sufuria zake za biashara. Jibu ni kwamba sheria hairuhusu. Kifungu cha 16 cha sheria ya Tume kinaizuia kuchunguza jambo ambalo liko mbele ya mahakama au chombo kingine cha kimahakama, na Katiba yenyewe inasema hivyo. Sababu yake naielewa, maana vyombo viwili vya dola vikichunguza jambo moja kwa wakati mmoja vinaweza kutoa majibu mawili, na aliyekosea akachagua linalompendeza. Lakini maana yake kwa mwananchi ni hii: mahakama inamwambia aende kwanza kwingine, na huko kwingine wanamwambia aondoke kwanza mahakamani. Hawezi kuweka mguu mmoja huku na mwingine kule. Ni lazima atoke nje kabisa, asimame barabarani, ndipo abishe hodi upya.

Kuhusu namna ya kutoka nataka kusema kwa kirefu kidogo, kwa sababu nimeona katika mazungumzo ya watu kwamba wengi wanadhani kuondoa shauri ni kuandika barua kwa karani na kwenda nyumbani. Sivyo. Kwa mujibu wa Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, mdai anaweza kuliondoa shauri lake wakati wowote, lakini akiliondoa bila kuomba ruhusa ya kulifungua upya, atakuwa amejifungia mlango. Hataweza kufungua shauri jingine kuhusu jambo lile lile, na anaweza kutakiwa kulipa gharama za upande wa pili. Ruhusa hiyo hutolewa pale mahakama inaporidhika kuwa shauri lina kasoro ya kiutaratibu inayolifanya lisiweze kusimama, au kuna sababu nyingine ya kutosha. Kwa hiyo wakili wetu, ingawa yetu yalikuwa maombi ya kikatiba na si shauri la kawaida, aliomba mambo mawili kwa pamoja: maombi yaondolewe, na tusizuiwe kurudi kwa njia iliyo sahihi. Jaji alikubali, na hakutoa amri ya gharama kwa upande wowote. Maneno hayo yamo kwenye amri ya mahakama ambayo nakala yake nimeibandika kwenye mbao za kibanda cha mwenyekiti wetu, na kila mwenye shaka anaweza kuisoma au kusomewa.

Ninasisitiza hili kwa ajili ya vikundi vingine vyenye migogoro kama yetu, viwe vya wakulima, vya waendesha bodaboda au vya wakazi waliobomolewa nyumba. Mtu yeyote akiwaambia mwondoe shauri kwa sababu mazungumzo yanaendelea vizuri, mwulizeni kwanza: tunaondoa kwa ruhusa ya kurudi au bila ruhusa? Sentensi moja katika amri ya jaji inaweza kuwa ndiyo tofauti kati ya kupumzika na kuzikwa.

Sasa nifike kwenye yale yanayoniuma. La kwanza ni kwamba maombi makuu yalipoondolewa, yale maombi madogo ya kusimamisha ugawaji yaliondoka nayo. Amri ya zuio haiwezi kuishi bila shauri linaloibeba. Tume nayo haina hakimu wa kutoa zuio siku malalamiko yanapopokelewa. Inachunguza, na baadaye inatoa mapendekezo. Hivyo kati ya siku tuliyotoka mahakamani na siku ambayo Tume itafikia uamuzi, vizimba vile vinaweza kukabidhiwa kwa watu wengine, mikataba ikasainiwa, na wapangaji wapya wakaweka makufuli na majokofu yao. Wapangaji hao huenda hawana kosa lolote. Huenda ni vijana waliokopa fedha wakaomba kizimba kama walivyotangaziwa. Siku tukipewa haki yetu, itabidi haki hiyo ipite juu ya mtu mwingine asiye na hatia, na halmashauri itasema kwa sauti ya huruma kuwa sasa haiwezekani tena.

Katiba inaipa Tume uwezo wa kufungua yenyewe shauri mahakamani, pale inapobidi, ili kuzuia vitendo vya uvunjaji wa haki. Kwa maoni yangu, uwezo huo ungefaa sana katika siku hizi za katikati, kabla mambo hayajaharibika, kuliko baada ya uchunguzi kukamilika. Naomba Tume ifikirie kuutumia mapema katika malalamiko ya ugawaji wa ardhi, vizimba na nyumba, ambamo kuchelewa peke yake kunatosha kuliamua jambo.

La pili ni muda. Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, imeweka kwa kila aina ya dai idadi ya miaka ambayo ikipita dai linakufa: miaka 3 kwa madai ya madhara (fidia kwa kosa lisilotokana na mkataba), 6 kwa mikataba, 12 kwa ardhi. Maombi ya kibali cha mapitio ya kimahakama yana muda mfupi zaidi, miezi 6 tangu uamuzi unaolalamikiwa ulipotolewa. Miezi 6 hiyo kwetu ilikwisha tukiwa bado tunabishana kama maombi ya kikatiba yanastahili kusikilizwa. Mlango ambao tulilaumiwa kwa kutoupitia ulifungwa tukiwa tumesimama kwenye mlango wa jirani yake. Na ile Amri ya 23 inasema kwamba anayefungua shauri upya baada ya kupewa ruhusa atahesabiwa muda kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Sheria ya Ukomo inalegeza kidogo, kwa kuziondoa kwenye hesabu siku ambazo mtu alizitumia kwa nia njema katika mahakama ambayo haikuwa na mamlaka, au iliyoshindwa kuendelea kwa sababu inayofanana na hiyo. Lakini nafuu hiyo ni kwa siku zilizotumika mahakamani. Siku ambazo malalamiko yapo Tume hazikutajwa.

Ongeza hapo kwamba anayetaka kuishtaki halmashauri leo hawezi kwenda moja kwa moja. Mwaka 2020 Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali ilirekebishwa, na sasa halmashauri zimewekwa katika kundi moja na Serikali Kuu: ni lazima kutoa notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe katika shauri, na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Zamani notisi kwa halmashauri ilikuwa ya siku 30. Siku 90 si nyingi kwa mwenye ofisi na mshahara. Kwa mtu ambaye saa yake ya ukomo inaendelea kugonga huku akisubiri Tume, ni robo mwaka iliyokatwa kwenye muda uliobaki, na asipoipigia hesabu mapema atajikuta ana notisi mkononi na dai lililokufa.

Kwa hiyo, pamoja na kuwa nasema tulifanya uamuzi sahihi, sisemi kwamba ni uamuzi usio na hatari. Dai letu la madhara bado lina uhai kwa sasa. Ninazo tarehe kwenye daftari, na nimeiandika kwa wino mwekundu ile ambayo, Tume ikiwa haijamaliza kufikia hapo, itabidi tutoe notisi ya siku 90 na kurudi kwa jaji, hata kama uchunguzi utakuwa umebakiza hatua moja tu. Fikiria, Mhariri, chombo cha umma kimetumia nguvu na fedha kuchunguza, kisha mlalamikaji analazimika kukifungia mlango kwa kufungua shauri kwa sababu tu ya kuogopa kalenda. Hakuna anayefaidika na hilo isipokuwa aliyekosea.

Ninachokiomba kwa Waziri anayehusika na sheria, kwa Mwanasheria Mkuu na kwa wabunge wetu ni kidogo na kinawezekana. Sheria ya Ukomo iongezewe maneno machache yatakayosema kuwa siku ambazo malalamiko yamo mbele ya Tume, tangu yalipopokelewa kwa maandishi mpaka mlalamikaji alipojulishwa matokeo, zisihesabiwe. Sheria inayomwambia mwananchi amalize njia nyingine kwanza haiwezi wakati huo huo kumwadhibu kwa muda aliotumia kuzimaliza. Mpaka marekebisho hayo yatakapofanyika, kipo kifungu cha 44 cha Sheria hiyo hiyo ya Ukomo, kinachompa Waziri uwezo, baada ya kushauriana na Mwanasheria Mkuu, kuongeza muda wa kufungua shauri kwa kipindi kisichozidi nusu ya muda wa awali pale anapoona ni haki kufanya hivyo. Ni wananchi wangapi wanakijua kifungu hicho? Mimi nilikijua nikiwa na umri wa miaka 51, baada ya kuishi na kesi kwa mwaka mzima. Tume ingeweza kukitaja katika barua ya kwanza inayompelekea kila mlalamikaji.

Wapo waliosema kwamba hata tukishinda Tume hatutapata kitu, kwa sababu Tume inatoa mapendekezo tu na halmashauri itayaweka kwenye kabati. Hoja hiyo nimeisikia kutoka kwa watu wenye elimu na siipuuzi. Nawaomba wakumbuke Nyamuma. Mwezi Oktoba 2001 wakazi wa Nyamuma, wilayani Serengeti, waliondolewa kwa nguvu, na nyumba zao na vyakula vyao vikachomwa moto. Wananchi 135, wakisaidiwa na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, walilalamika Tume. Tume ikaenda, ikasikiliza, na ikatoa uamuzi kwamba haki zao zilivunjwa na kwamba walipwe fidia. Serikali ikakataa. Walipokwenda Mahakama Kuu, Kitengo cha Ardhi, kuomba mapendekezo hayo yatekelezwe, waliambiwa mahakama haiwezi kuyatekeleza. Hawakuishia hapo. Katika rufaa ya madai namba 88 ya mwaka 2006, Mahakama ya Rufani ilisema kuwa Mahakama Kuu ilikosea, na kwamba mapendekezo ya Tume yanaweza kutekelezwa kwa njia ya mahakama.

Msingi wake ni kifungu cha 28 cha sheria ya Tume. Tume ikishatoa mapendekezo, mamlaka iliyopelekewa inapaswa kutoa taarifa ya hatua ilizochukua ndani ya muda uliowekwa, usiozidi miezi 3, na isipochukua hatua za kuridhisha Tume inaweza kufungua shauri au kupendekeza mtu mwingine alifungue. Kwa maneno mengine, tulipotoka mahakamani hatukuiacha mahakama nyuma yetu kwa kudumu. Inaweza kuwa mbele yetu, na siku hiyo tutaingia tukiwa na taarifa ya uchunguzi wa chombo cha Katiba mkononi, badala ya viapo vya watu 5 na risiti za ushuru zilizoliwa na mchwa. Sikusema hivi ili kuifanya safari ya watu wa Nyamuma ionekane nyepesi. Ilikuwa ndefu, na watu waliochomewa chakula hawakustahili kuisafiri hata siku moja. Nasema tu kwamba njia wameshaifyeka, na ingekuwa aibu kwetu kusema haipo.

Neno moja kwa madiwani. Barua ya Tume ikifika halmashauri, mara nyingi inaishia kwa mwanasheria wa halmashauri na Mkurugenzi, nanyi mnakuja kusikia jambo lenyewe redioni. Ombeni ziwe zinasomwa kwenye kamati yenu ya fedha, uongozi na mipango, pamoja na majibu yaliyoandikwa kwa jina la baraza lenu. Fidia ikija kulipwa, italipwa kwa mapato ya ushuru ule ule tunaoulipa sisi, na ninyi ndio mtakaoulizwa.

Kwa wenzangu wa sokoni, naomba mnisikilize kwa utulivu kama mlivyonisikiliza siku tulipohamishwa. Malalamiko tuliyoyaandaa kwa ajili ya Tume yameambatanishwa barua ya ahadi ya halmashauri, orodha ya kwanza yenye mhuri, picha ya orodha ya pili iliyopigwa siku ilipobandikwa, nakala za barua zetu 3, na amri ya jaji inayoonesha kuwa hakuna tena jambo letu lililo mbele ya mahakama. Kati ya watu 64, walioweka saini ni 47. Waliobaki 17 wamekataa kwa sababu wanaamini kwamba aliyeondoa kesi jana hawezi kuaminiwa na karatasi leo. Sina kinyongo nao, kwa kuwa mimi mwenyewe nilisita kwa wiki 2 kabla ya kukubaliana na wakili. Jalada lipo kwa mwenyekiti, na kuna mwanafunzi wa sekondari, binti wa mwenzetu mmoja, anayelisoma kwa sauti kuanzia saa 10 jioni kwa yeyote anayetaka kusikia kilichoandikwa kabla hajaweka dole gumba lake. Tutalipeleka Ijumaa ya wiki ijayo. Nafasi za majina 17 nimeziacha wazi, kila moja na namba ya kizimba chake cha zamani pembeni.

Katibu, kamati ya wafanyabiashara waliohamishwa,
Kanda ya Ziwa
(Jina na anwani vimehifadhiwa na mhariri)